Ahi Evran, fundi ngozi aliyekuwa sheikh: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Tangu nianze kuongelea habari za huyu mzee watu wananiuliza maswali yale yale, wengine kwa simu, wengine tukiwa tunavaa viatu nje ya msikiti, sasa nimeona niyaweke yote sehemu moja. Majibu mengine ni marefu maana mambo yenyewe ni mengi, na mengine mafupi kwa sababu hayana mengi ya kusema. Pale ambapo habari ni ngano nitasema ni ngano.

Ahi Evran ni nani hasa?

Ni fundi wa ngozi na sheikh aliyeishi Anatolia, yani Uturuki ya leo, kwenye karne ya 13 wakati masultani wa Kiseljuki wanatawala kutoka mji wa Konya. Mafundi ngozi wa kule wanamhesabu kuwa ndio pir wao, mzee wa kazi, yule ambaye fundi akianza kazi asubuhi anamtaja na kumuombea. Lakini sifa yake kubwa haiko kwenye ngozi peke yake. Ni kwamba aliwakusanya mafundi wa mijini, washona viatu, wahunzi, wafumaji, watengeneza tandiko za farasi, akawafanya wawe jumuiya moja yenye adabu zake, nyumba yake ya wageni na utaratibu wake wa kumlea kijana kuanzia siku anaingia karakana mpaka anafungua duka lake. Jumuiya hiyo ndio inaitwa Ahi, na kaburi lake liko Kırşehir, mji wa katikati ya Uturuki.

Jina lake la kuzaliwa ni lipi, na huyo Evran ni nani?

Anaitwa Nasiruddin Mahmud, mtu wa Khoy, mji ulioko kaskazini magharibi ya Iran, ndio maana vitabu vingine vinamuandika al-Khoyi. Mwaka wa kuzaliwa unaotajwa zaidi ni 1171.

Evran ni neno la Kituruki cha zamani, maana yake nyoka mkubwa, joka. Ngano inasema kulikuwa na joka limewatisha watu, hakuna anayelisogelea, yeye akalitiisha likawa linamtii. Hiyo ichukue kama ngano. Ila haikuanza juzi, mshairi Gülşehri wa hapo hapo Kırşehir aliandika utenzi mfupi wa beti 167 kuhusu karama za Ahi Evran mwanzoni mwa karne ya 14, yani ndani ya kumbukumbu za watu ambao babu zao walimjua.

Na neno "Ahi"?

Wengi tutasema haraka haraka ni akhi ya Kiarabu, ndugu yangu, na Ibn Battuta mwenyewe, yule msafiri wa karne ya 14, alilielewa hivyo. Wapo wataalamu wa lugha wanaosema linatoka kwenye neno la Kituruki aqi, mtu mkarimu, mwenye mkono wazi. Mimi naona yote mawili yanakaa vizuri kwa hawa watu, ukisoma habari zao huwezi kutenganisha undugu wao na ukarimu wao.

Alisoma wapi dini?

Inaelezwa alienda Khurasan akasoma kwa Fakhruddin ar-Razi, yule mwanachuoni mkubwa wa tafsiri, halafu akashuka Baghdad ambako alishikamana na sheikh Awhaduddin Kirmani. Na hapo Baghdad ndio pa kupaangalia sana, kwa sababu wakati ule khalifa alikuwa an-Nasir, aliyekaa kwenye ukhalifa kuanzia 1180 mpaka 1225, na huyu khalifa alikuwa ameshika jambo moja linaitwa futuwwa.

Futuwwa inatoka kwenye neno fata, kijana. Ni uungwana wa kijana, ushujaa, kutoa, kumtanguliza mwenzako kabla ya nafsi yako, na mfano wao mkuu ni Sayyidna Ali. Kabla ya hapo vikundi vya vijana wa futuwwa vilikuwa vimetawanyika mijini na vingine vilikuwa fujo tupu, magenge tu. An-Nasir akaingia mwenyewe kwenye futuwwa mwaka 1182, akavikusanya, akajifanya yeye ndio kiongozi, akaanza kuwavisha watawala wengine suruali ya futuwwa (ndio, suruali, ndio lilikuwa vazi lao la kiapo). Sultani Kaykaus wa Kwanza wa Konya naye akavishwa. Kwa hiyo Awhaduddin na Nasiruddin walipopanda Anatolia, mwanzoni mwa karne ya 13, hawakwenda mikono mitupu. Walikuja na mfumo wa Baghdad, na kule wakakuta miji inakua, karavani zinapita, na mafundi wengi wa Kiturkmani ndio kwanza wanahamia mjini, hawana mtu wa kuwaunganisha.

Kwa nini ngozi jamani, si kazi chafu?

Hili ndio swali ninalolipenda kuliko yote.

Ndio, ni kazi inayonuka. Karakana za ngozi kila mji ziliwekwa pembeni, karibu na maji, upande ambao upepo haurudishi harufu mjini. Ngozi inakuja imepakwa chumvi, inalowekwa siku kadhaa ilainike, inaingia kwenye shimo la chokaa mpaka manyoya yaachie, halafu inatandazwa juu ya gogo la mviringo na fundi anasimama anaikwangua kwa kisu chenye mishikio miwili, upande mmoja manyoya, upande wa pili mabaki ya nyama, na akikosea kidogo tu ametoboa. Baada ya hapo wakati ule walitumia kinyesi cha njiwa au cha mbwa kuondoa chokaa na kuilainisha, ndio ile harufu yenyewe. Kisha inakaa wiki hata miezi kwenye maji ya magome na vikombe vya mbegu za mwaloni, au majani ya mti unaoitwa sumaki, mpaka ikolee. Kwetu pwani kazi hiyo ya kukoleza inafanywa na magome ya mikoko, na wakoloni walikuwa wanayasafirisha kwa meli kutoka Rufiji na Lamu kwa ajili hiyo hiyo.

Sasa fikiria kwa macho ya sheikh. Kitu kimetoka kwenye mzoga, kinaoza, kinanuka, ukikiacha siku mbili hakifai. Baada ya subira na mikono ya mtu kinakuwa msahafu umefungwa jalada, kinakuwa kiriba cha maji ya udhu, viatu vya kwendea hija. Kwenye fiqhi tunasoma mlango wa dibagha, kwamba ngozi ikishatengenezwa inakuwa twahara, hadithi yake iko wazi. Mtu aliyekuwa anafanya kazi hiyo kila siku, halafu jioni anakaa na vijana kuongelea namna nafsi inavyosafishwa, hakuhitaji kutafuta mfano mbali. Mfano ulikuwa umening'inia ukutani unakauka.

Karakana yake ya kwanza inayotajwa ilikuwa Kayseri, na hapo mafundi ngozi walikuwa na mtaa wao mzima.

Kwa hiyo alikuwa fundi aliyejua dini au sheikh aliyejua kazi?

Swali lenyewe linatenganisha kitu ambacho yeye hakukitenganisha. Tumezoea kwamba dini unaifuata darsani na kazi ni kazi, ukitoka msikitini unaingia dukani umeshabadilika mtu mwingine. Kwa Ahi kijana hakukubaliwa kama hana kazi. Mtu asiye na kazi ya mikono hakuweza kuwa Ahi hata awe anajua nini, na fundi hodari asiye na adabu naye hakufungwa mkanda wa ufundi. Mchana uko kwa bwana wako karakana unajifunza kushika kisu, usiku uko zawiya, nyumba yao ya ibada na wageni, unajifunza kusoma, Qurani, namna ya kukaa na wakubwa, namna ya kumuandalia mgeni. Mwalimu anayekufundisha kupima ngozi ndio huyo huyo anayekuangalia kama unapima kwa haki.

Ami yangu alikuwa fundi wa makubadhi. Nilikaa naye likizo nyingi nikiwa mdogo, kazi yangu kuvuta uzi kwenye nta na baadaye kushona ukingo. Mshono ukienda upande hakusema kitu, alichukua kisu akakata uzi wote, wote, hata ile sehemu nzuri, akanirudishia ile kubadhi nianze tena. Nililia siku moja nikamwambia si chini kule, nani ataona. Akaniambia mguu wa mtu utaona. Nilipokuja kusoma habari za Ahi Evran miaka mingi baadaye nikamkumbuka ami yangu, na ndio maana nimeng'ang'ania hizi habari.

Kijana alipitia hatua gani?

Kwa utaratibu wao unaosimuliwa, mtoto wa chini ya miaka kumi anaanza kama yamak, yani wa kutumwa tumwa, analetwa na mzazi wake. Akipita hapo anakuwa çırak, mwanagenzi, na hiyo inachukua siku 1001 kwenye kazi nyingi. Halafu kalfa, fundi msaidizi, anayelipwa na anayewasimamia wadogo, hiyo nayo miaka mitatu hivi. Mwisho ndio usta, fundi kamili mwenye ruhusa ya duka. Na kila kijana alikuwa na baba wa njia na ndugu wawili wa njia, watu waliomdhamini. Akiharibu, wao pia wanaulizwa.

Siku ya kufungwa mkanda ilikuwa siku kubwa. Wazee wamekaa, Qurani inasomwa, linaletwa bakuli la maji yenye chumvi kijana anakunywa, bwana wake anamfungua ile aproni ya uanagenzi anamfunga mpya ya ufundi kiunoni, halafu anamuinamia sikioni anamuusia. Wosia wenyewe umepokewa kwa namna nyingi lakini mambo yake ni haya haya: usile haramu, usipunje kipimo, usiseme kabla ya wakubwa wako, ukiwa na nguvu samehe, ukiwa na hasira kuwa mpole, na hata ukiwa mwenyewe unahitaji bado toa. Hapo ndio anabusu mikono ya wazee mmoja mmoja.

Sisi pwani tunalo letu linalofanana, kilemba cha fundi, ile zawadi ambayo mwanagenzi anampa bwana wake siku anahitimu. Hakuna uhusiano wa moja kwa moja na Ahi, ni kwamba tu watu wa kazi wanajua siku ya kumaliza haipiti hivi hivi.

Zile kanuni za "tatu wazi, tatu fungwa" ni zipi?

Vitu vitatu viwe wazi, mkono, meza ya chakula na mlango. Mkono utoe, chakula kiwepo, mgeni aingie. Vitatu vifungwe, macho, ulimi na kiuno. Macho yasitazame aibu za watu, ulimi usiseme vibaya, na kiuno kijizuie na zinaa. Hadi leo Waturuki wana msemo wa kumuusia mtu achunge mkono wake, ulimi wake na kiuno chake, utausikia hata kwa mtu asiyejua unatoka wapi.

Stori ya kiatu kutupwa juu ya paa ni ya kweli?

Waturuki mpaka leo mtu akishapitwa na wakati wanasema kiatu chake kimetupwa paani. Maelezo ya kawaida ni kwamba mteja akilalamika kiatu kimechanika mapema, wazee wa kazi wanakaa, wanakikagua, wakiona kweli fundi alilipua basi mteja anarudishiwa hela na kile kiatu kinatupwa juu ya paa la duka la huyo fundi, kila anayepita anakiona. Kama kila mji ulifanya hivyo ni jambo lingine, hayo ndio maelezo ya wenyewe. Lakini kwamba kazi mbovu ilipelekwa kwa wazee na fundi akaadhibiwa mpaka kufungiwa duka, hilo ndio lilikuwa kazi ya jumuiya za mafundi, na halina utata.

Walikuwa wanasaidiana pesa?

Sana. Kulikuwa na sanduku la pamoja, kila fundi anachangia, na likatumika kwa mgonjwa, kwa msiba, kwa kijana anayefungua duka hana mtaji. Kwetu tungeita mfuko wa kufa na kuzikana, ila wao uliingia mpaka kwenye mtaji wa kazi. Kumbukumbu zilizo wazi zaidi za masanduku haya ni za wakati wa Waothmani.

Wanawake walikuwepo?

Mapokezi ya Kituruki yanasema mkewe alikuwa Fatma Bacı, binti wa sheikh wake Awhaduddin Kirmani, na kwamba ndiye aliyewaongoza Bacıyan-ı Rum, dada wa nchi ya Rum, yani hiyo hiyo Anatolia, wanawake waliofuma mazulia na nguo na kutunza wageni. Hao Bacıyan wametajwa na mwandishi wa historia Aşıkpaşazade wa karne ya 15, kwenye orodha moja na Ahi. Wanahistoria wanabishana walikuwa jumuiya kamili au la. Mimi naona mtu aliyewataja sambamba na Ahi hakuwataja bure.

Ilikuwaje akafa?

Hapa lazima turudi kwenye siasa kidogo. Sultani Alauddin Kayqubad aliwapenda Ahi, na mpaka anafariki 1237 mambo yao yalikuwa mazuri. Mwanae Kaykhusraw wa Pili alikuwa na wasiwasi na kila mtu aliyekuwa karibu na baba yake, wengi wakauliwa, na Ahi Evran anasimuliwa kuwa alifungwa miaka kadhaa. Mwaka 1243 Wamongolia wakampiga huyo sultani kwenye vita ya Köse Dağ, jeshi likatawanyika, sultani akakimbia. Wamongolia walipofika Kayseri waliobaki kuulinda mji ni wenyeji wenyewe, na Ahi wanatajwa kuwa kwenye kuta wakipigana, watu wa visu vya kukwangulia ngozi. Mji ukaanguka. Wengi wakauliwa, mtaa wa mafundi ukaharibiwa.

Yeye akamalizia maisha Kırşehir. Mwaka unaotajwa zaidi wa kifo chake ni 1261, mji ulipoasi utawala uliokuwa chini ya Wamongolia na amiri Nuruddin Caca akatumwa kuuzima, na sheikh akauliwa pamoja na watu wake akiwa mzee wa miaka tisini. Mwenyezi Mungu amrehemu. Mzee wa umri ule hakukimbia.

Ni kweli ndio yeye Nasreddin Hoca?

Profesa Mikail Bayram wa Uturuki, ambaye amefanya kazi kubwa kuliko wengi juu ya Ahi Evran, alisema hivyo, kwamba Nasiruddin wa historia ndio Nasreddin wa vichekesho. Wengi wa wanahistoria hawajakubali, na mimi sijashawishika, majina kufanana hakutoshi. Ila kwa msomaji wa kwetu kuna kitu kizuri hapa, hadithi nyingi za Nasreddin ndio zile zile sisi tumelelewa nazo tukiambiwa ni za Abunuwasi. Ile ya sufuria iliyozaa, kwa mfano.

Kulikuwa na masheikh wengine mafundi au ni yeye tu?

Wapo wengi, na majina yao yamebeba kazi zao, sisi tu hatuyatafsiri. Abu Hafs al-Haddad wa Nishapur, karne ya 9, haddad ni mhunzi. Al-Hallaj ni mchambua pamba. Fariduddin Attar, mwenye kazi ya dawa na manukato. Bahauddin Naqshband wa Bukhara, aliyefariki 1389, ambaye tarika ya Naqshbandi ina jina lake, naqshband ni mtia nakshi. Na Konya ile ile ya wakati wa Ahi Evran alikuwepo Salahuddin Zarkub, sonara, rafiki wa mshairi Mawlana Rumi, inasimuliwa Rumi alipita mbele ya duka lake akasikia nyundo zinavyogonga dhahabu kwa mdundo, akasimama pale pale barabarani akaanza kuzunguka kwa dhikri, na Salahuddin akawaambia vijana wake wasiache kugonga hata dhahabu ikiharibika. Alifariki 1258. Ukiyapanga hayo majina hivyo unaona haikuwa ajabu ya mtu mmoja.

Ahi ni tarika kama Qadiriyya?

Hapana. Walikuwa na zawiya, dhikri na masheikh, na wengi wao walikuwa na tarika zao pembeni, lakini kilichowafunga pamoja ni kazi na futuwwa.

Ibn Battuta alikutana naye?

Hakumkuta, alishafariki miaka mingi. Lakini alikutana na watoto wa kazi yake, na habari tulizonazo za maisha ya Ahi zilizo hai kuliko zote ni zake. Na huyu ni Ibn Battuta wetu, yule yule aliyefika Mogadishu, akalala Mombasa usiku mmoja, akafika Kilwa mwaka 1331 akamsifu Sultani Hasan kwa kutoa mpaka akavua nguo zake akampa fakiri. Kwenye safari zile zile miaka ya 1330 akawa Anatolia.

Yuko Antalya siku ya pili, anakuja kijana kavaa nguo zilizochakaa na kofia ya sufu iliyogandamizwa, anaongea Kituruki, Ibn Battuta haelewi neno. Sheikh aliyekuwa naye akamwambia huyu anawaalika wewe na wenzako kwa chakula. Ibn Battuta akamuonea huruma, akasema huyu masikini, hatutaki kumtia mzigo. Sheikh akacheka. Akamwambia huyu ni mmoja wa wakubwa wa Ahi, ni mshona ngozi, ana wenzake kama mia mbili wa kazi mbalimbali wamemchagua awe kiongozi, wamejenga zawiya ya wageni, na wanachochuma mchana wanakitumia usiku. Baada ya magharibi wakachukuliwa. Zawiya imetandikwa mazulia mazuri ya Rum, taa za kioo cha Iraq zinawaka, vijana wamepanga safu na majoho yao na buti miguuni, kisu kiunoni. Chakula kikaja kingi, matunda, halua, halafu wakaanza kuimba.

Na Ladik, Denizli ya leo, kisa ni kingine. Wanapita sokoni, watu wakatoka madukani wakashika hatamu za farasi wao. Wakatokea wengine wakawapinga, wakaanza kuvutana, visu vikachomolewa. Ibn Battuta akajua basi wamevamiwa na majambazi. Akaja mtu aliyewahi kwenda hija anayejua Kiarabu, akawaambia msiogope, hawa wa kwanza ni vijana wa Ahi Sinan na hawa wa Ahi Tuman, wanagombania nani awapokee ninyi wageni. Wakapiga kura, ikamuangukia Ahi Sinan. Baadaye wakahamia na kwa Ahi Tuman, wote wakaridhika.

Baada ya hapo jumuiya iliendelea?

Iliendelea kwa karne nyingi. Ankara, dola ya Waseljuki ilipokwisha, kuna kipindi kwenye karne ya 14 Ahi ndio walikuwa wanaendesha mji mpaka Waothmani wakauchukua. Msikiti wa Ahi Şerafeddin pale Ankara, unaoitwa pia Arslanhane, wenye nguzo za mbao zilizowekwa vichwa vya mawe ya kale, ni wa mwaka 1290 hivi na uliingizwa kwenye urithi wa dunia wa UNESCO mwaka 2023 pamoja na misikiti mingine ya mbao. Sultani Murad wa Kwanza kwenye hati ya wakfu ya 1366 anasema mwenyewe kwamba alifungwa mkanda na Ahi.

Zawiya ya Kırşehir ikawa ndio makao. Sheikh wa pale, Ahi Baba, alikuwa anatuma wawakilishi Anatolia mpaka nchi za Balkani kuwafunga mafundi ngozi mikanda na kuwapa ijaza. Sarajevo hadi leo kuna msikiti mdogo wa mafundi ngozi na mtaa wa washona ngozi. Pole pole kadri miaka ilivyokwenda dola ikazitia mkononi jumuiya za mafundi, kwenye kazi nyingi wakawemo Wakristo na Wayahudi pamoja na Waislamu, halafu bidhaa za viwanda vya Ulaya zikaingia kwa bei ya kutupa, mafundi wakashindwa. Miaka ya 1910 serikali ikazifuta rasmi.

Roho inaniuma nikifika hapo. Hawakushindwa kwa sababu kazi yao ilikuwa mbovu.

Leo kuna nini kimebaki?

Kuna Chuo Kikuu cha Kırşehir kilichoanzishwa 2006, kina jina lake. Na kila mwaka mwezi wa Septemba Uturuki wanafanya wiki ya Ahi, mafundi na wenye maduka wanakusanyika na vijana wanafungwa mikanda mbele ya watu. Ni sherehe ya serikali siku hizi, hotuba nyingi, lakini nimetazama video za bwana mzee anamfunga kijana aproni mikono inamtetemeka, na hiyo haikuwa ya hotuba.

Nikienda Kırşehir nianzie wapi?

Panda basi Ankara, ni kama kilomita 180 na ushee kuelekea kusini mashariki. Kaburi liko ndani ya jengo la msikiti na zawiya katikati ya mji, lenye maandishi ya mwaka 1450 na sehemu iliyoongezwa 1482. Nenda asubuhi kabla ya makundi, msomee Fatiha, kaa kidogo.

Halafu tembea kwa mguu tu mpaka madrasa ya Cacabey, haiko mbali, mnara wake una vigae vya buluu. Ilijengwa 1272 na Nuruddin Caca, ndio, yule yule amiri aliyekuja kuzima uasi. Mimi ningependa usimame pale nje uangalie watu wanaopita, maana majengo yote mawili bado yanaswaliwa, na watu wa mji wanaingia lolote kati ya hayo lililo karibu adhana ikishalia.